Fundi wa Mafaili ya Pamoja

Kabla hajagusa kompyuta yoyote, Fundi aliinama, akalaza sikio la kushoto juu ya boksi lake, akafumba macho na kusikiliza. Ungedhani ni mkunga anapima mimba. Kisha angenyanyuka na kusema, "Hii ina wiki mbili," au, "Hii ni nzima, mgonjwa ni anayeiendesha." Ile aliyoipa wiki mbili ilizimika siku ya kumi na tatu mbele yangu, nikiwa katikati ya barua ya paroko.

Alizaliwa wapi, mwaka gani, babu yake alitoka Mbulu au wapi, hayo siyajui na sikuwahi kumuuliza. Ninamwandika kwa sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba sijakutana na akili kubwa kama yake, na nimeshakutana na wenye digrii zao. Ya pili ni kwamba nilimfanya mtu huyo aamini kuwa akili inamtoka, kisha nikanyamaza kwa miaka minane. Hili nalitanguliza ili nitakapoanza kumsifu, msomaji asidanganyike kwamba mimi ni mtu mwema.

Tulifanya kazi pamoja Karatu, miaka ile ya mwanzo ya elfu mbili, katika chumba cha intaneti kilichokuwa nyuma ya kanisa. Barabara ya kwenda geti la Ngorongoro ilipita mbele, hivyo wateja wetu walikuwa watalii wenye vumbi jekundu mpaka kwenye kope, madereva wao, na walimu wa sekondari. Tulikuwa na kompyuta tano zilizotumika Ulaya zikachokwa huko. Mimi nilitoka Marangu na cheti changu cha kompyuta kwenye bahasha ya plastiki, nikaajiriwa kuwa karani. Siku ya kwanza aliitazama bahasha, akanitazama mimi.

"Mchaga?"

"Ndiyo, Fundi."

"Karibu. Miezi sita utakuwa umefungua duka."

Hakucheka. Alikuwa na utani wa namna hiyo, unaorushwa bila tabasamu ili wewe ndiye uamue kama ni utani.

Kabla ya kompyuta alikuwa ametengeneza redio na mashine za kuchapa kwa miaka mingi, na hakuna aliyemfundisha kompyuta. Zilipofika alifungua moja, akaitoa kila kitu mpaka ikabaki bati, akairudisha, ikawaka. Basi. Kiingereza chake kilikuwa cha kusoma tu, wala hakupenda kukitamka. Lakini kile ambacho mimi nilifundishwa kwa miezi tisa na kukisahau kwa mitatu, yeye alikuwa amekipata kwa kukaa kimya mbele ya kioo na kusoma kila ujumbe wa kosa mpaka mwisho. Alisema watu hawasomi. Mashine inakwambia inaumwa wapi, wewe unabofya ili ujumbe uondoke.

Yeye ndiye aliyenielewesha mafaili ya pamoja. Wenye fani wanayaita DLL, maktaba ndogo ndogo zilizofichwa ndani ya kompyuta. Programu nyingi hazijitoshelezi. Brauza tunayofungulia intaneti ina viongezeo vyake, kimoja cha kuonyesha video, kingine cha kusoma nyaraka, kingine cha sauti, na vyote hivyo vinakwenda kuazima kazi kwenye mafaili yale yale. Faili moja linajua kuchora herufi, jingine linajua kufungua picha, na kila mwenye shida analiita. Nilimwambia sijaelewa. Akavuta kiti.

"Kwetu Rhotia, kaya nne tulikuwa na plau moja. Jembe la huyu, nira ya yule, ng'ombe wangu, mnyororo wa jirani wa juu. Tukalima hivyo miaka na miaka. Jirani wa juu akahamia Babati. Akabeba mnyororo wake."

"Si ulikuwa wake?"

"Wake kabisa. Hakuiba. Mwaka ule kaya tatu tulilima kwa mkono."

Kisha akanionyesha hatari yenyewe. Ukiondoa programu kwenye kompyuta zile, mashine ilikuuliza kwa adabu: faili hili ni la pamoja, inaonekana hakuna programu nyingine inayolitumia, je, nilifute? Jibu la Fundi lilikuwa moja, hapana. Siku zote hapana. Kompyuta ilikuwa na hesabu ya watumiaji wa kila faili, lakini ilimhesabu yule tu aliyejiandikisha alipoingia, na vile viongezeo vya brauza viliingia kwa mlango wa nyuma bila kuandika jina. "Wanaochota maji kisimani si wale tu walio kwenye daftari la kamati," alisema. "Mashine haidanganyi, ila haijui." Kwa hiyo yeye alitunza daftari lake mwenyewe, la shule, lenye jedwali la kuzidisha nyuma. Ukurasa wa kushoto aliandika jina la faili, wa kulia nani analitumia. Na kila faili lilikuwa na nakala kwenye flopi ndani ya kopo la biskuti.

Pamoja na mahubiri hayo yote ya ushirika, bisibisi yake haikuazimwa na kiumbe. Ilikaa mfuko wa shati, hata Jumapili alikwenda nayo Misa. Paroko aliwahi kuiomba akaze bawaba ya kabati la sakristia. Fundi alikwenda akaikaza mwenyewe, akarudi. "Hii si faili la pamoja," aliniambia.

Hiyo ndiyo ilikuwa tabu ya kumwelewa. Alihudumia intaneti usiku na mchana na hakuwa na barua pepe. Nilipotaka kumfungulia alikataa. "Nani aniandikie? Wote ninaowajua wako Rhotia." Siku moja nilimwonyesha tovuti yenye picha za kreta ya Ngorongoro, zilizopigwa vizuri, viboko wakiwa wamelala majini. Alizitazama kwa muda mrefu akasema kwa nini atazame kreta kwenye kioo wakati kreta yenyewe iko hapo juu. Nikamuuliza ameshuka mara ngapi. Hajawahi kushuka hata mara moja. Aliendelea kuangalia zile picha mpaka dereva mmoja akaomba nafasi.

Alikuwa mkali pia. Hakupaza sauti, aliishusha, na ikishafika chini kabisa ulitamani apige kelele tu yaishe. Niliwahi kung'oa waya wa kompyuta bila kuizima. Alinieleza kosa langu kwa sauti ile, sentensi tatu, nikaenda kulia nyuma ya tangi la maji. Niliporudi kulikuwa na kikombe cha chai mezani kwangu, na yeye ameshageuka kuendelea na kazi.

Lakini kilichonishangaza kuliko vyote kilikuwa kumbukumbu yake. Alikuja mzee mmoja wa Kimaasai kutoka Nainokanoka, aliyeshuka kwa miguu na redio imefungwa kwenye shuka. Fundi aliitengeneza kwa kipande alichotoa kwenye redio nyingine iliyokufa, wakaongea Kimaa kidogo, mzee akaenda zake. Mwaka mzima ulipita. Redio ngapi zilikuwa zimepita mikononi mwake, sijui. Siku yule mzee aliporudi, kabla hajafungua shuka, Fundi alimwambia, "Ile ya betri nne. Spika ilichanika upande wa chini. Nilikwambia usiiweke karibu na moto." Mzee akanitazama mimi kana kwamba ndiye niliyesema. Nami nilisisimka mwili, sioni haya kusema. Daftari alikuwa nalo, lakini sikumwona akilifungua ili kukumbuka. Alilifungua ili kuandika tu.

Ndiyo maana niliduwaa siku aliponieleza anachokiogopa. Tulikuwa tunakunywa chai ya saa nne, kuna ukungu, mlango umefungwa kwa ajili ya baridi. Kaka yake mkubwa alikuwa karani wa mahakama, mtu wa kuheshimika, mwandiko mzuri. Huyo kaka alimaliza miaka yake akimwita Fundi kwa jina la baba yao.

"Ilianza na vitu vidogo," alisema. "Alifunga mlango, akarudi kuuliza kama amefunga. Mimi siku nitakayofanya kitu nisikumbuke kwamba nimekifanya, nitajua gari limeshawaka."

"Wewe, Fundi? Wewe hutasahau hata ukitaka."

"Na yeye tulimwambia hivyo hivyo."

Sasa nifike kwenye kosa langu. Walimu wa sekondari walikuwa wamealikwa kwenye somo la video kutoka chuo kimoja cha ng'ambo, nasi tulikuwa tumejiandaa mwezi mzima. Somo lingeonyeshwa kwenye kompyuta kubwa, kwa vile viongezeo vya brauza. Siku moja kabla, Fundi aligundua kwamba mteja fulani amepachika kwenye brauza kijiprogramu cha kuonyesha hali ya hewa, kilichokuwa kinafunguka chenyewe kila dakika. Akakunja uso. "Hiki kesho asubuhi nitakitoa mwenyewe, taratibu. Kimekuja na wenzake." Saa kumi akaondoka mapema, ng'ombe wake alikuwa anakaribia kuzaa.

Nilitaka asubuhi akute kazi imeisha. Nilitaka aseme, Mchaga, umekua. Hiyo tu. Nikakiondoa kile kijiprogramu, na lile swali likaja, kwa adabu yake ile ile. Sheria ya Fundi niliijua kama salamu. Lakini Mjerumani mmoja alikuwa amesimama mgongoni kwangu akisubiri kuchapisha tiketi, nikajiambia, hali ya hewa tu hii, ina nini cha pamoja na mtu? Chini ya swali palikuwa na kitufe cha ndiyo kwa yote. Nikabofya. Mjerumani akapata tiketi yake, nikafunga chumba, nikaenda kulala vizuri kabisa.

Asubuhi walimu wakiwa wamekaa, Fundi aliifungua brauza. Ikafunguka, ikafunga. Akafungua tena, ikafunga tena, na kuacha ujumbe kwamba faili fulani halikupatikana. Walimu wakaanza kunung'unika. Mimi nilikuwa nimeshajua, jasho linanitoka kwenye baridi ya Karatu. Fundi aliusoma ule ujumbe mpaka mwisho kama kawaida yake, akavuta kopo la biskuti na kuanza. Nilikaa pembeni yake nikimpa flopi anazozitaja. Hakufungua daftari. Aliita faili, nikampa, akalirudisha mahali pake, akasoma ujumbe uliofuata, akaita jingine. Mafaili sita. Walimu hawajamaliza hata kulalamika, picha ya yule mhadhiri wa ng'ambo ikatokea kioni, akipunga mkono. Wakapiga makofi. Mkuu wa shule mmoja alisimama kabisa. Nami nilipiga makofi, kwa sababu ilikuwa ajabu kweli, na kwa sababu nilifikiri nimeokoka.

Somo likiendelea alinikuta bombani nje.

"Binti, ile ya hali ya hewa. Jana niliitoa?"

Hapo ndipo palipokuwa na mlango, uko wazi, na nilipaswa kupita tu. Mkataba wangu wa kazi ulikuwa unangoja kuongezwa. Nilikumbuka ile sauti yake ya chini.

"Sijui, Fundi. Labda uliitoa kabla hujaondoka."

Alisimama na mikono imelowa maji, hakuipangusa.

"Sikumbuki," alisema. "Na nikajibu ndiyo. Mimi."

Alikuja kazini wiki mbili zaidi. Kila akishafanya jambo alilirudia kulikagua, kisha akanikagua mimi uso kuona kama nimemwona akikagua. Sikio hakuliweka tena juu ya boksi. Baadaye alirudisha funguo kwa kamati ya kanisa, akasema macho yamechoka. Mimi akaniachia daftari na kopo. Kwa vitu hivyo viwili nilipanda cheo, nikawa msimamizi wa chumba, nikasifiwa na wageni kwa umakini wangu. Mwanzoni nilinyamaza kwa woga. Baadaye kwa aibu. Mwishowe nilinyamaza kwa sababu nilikuwa nimeshazoea, na hiyo ndiyo mbaya kuliko zote. Nilijiambia mzee amepumzika, yuko na ng'ombe wake, ana raha.

Miaka minane baadaye mama mmoja wa Rhotia, aliyekuwa akituletea maziwa, alimtaja katika mazungumzo.

"Yule mzee wenu? Siku hizi haendi hata gulioni peke yake. Mkewe anamfuata kila hatua. Kichwa kimekwenda."

"Kimekwenda kweli? Anapotea? Hawatambui watu?"

Alifikiri kidogo. "Mimi sijamwona akipotea. Ila mwenyewe ndivyo anavyosema."

Nilifunga chumba mchana kweupe na kupanda bodaboda.

Nilimkuta amekaa mbele ya nyumba, amekonda, shati limefungwa vifungo vyote. Mkewe alikuwa kwenye kigoda karibu naye, anapukuchua maharage. Nikawaamkia, wakaitikia. Fundi alinitazama mara moja tu.

"Mchaga," alisema. Kisha akamgeukia mkewe na kumuuliza polepole, "Ni yeye, eti?"

"Ni yeye," mama alijibu bila kuinua macho. Ilionekana ni swali analolijibu kila siku. Tulipokuwa tunaongea habari za mvua, Fundi alinyanyuka kwenda kumwangalia ndama nyuma ya nyumba. Mama akaacha maharage, akamfuata, akarudi naye, akakaa. Hakuna aliyelieleza jambo hilo, na sikuhitaji kuelezwa.

Nilikuwa nimeandaa maneno njiani, hayakutoka hata moja. Nilisema tu, "Fundi, ile ya hali ya hewa niliitoa mimi."

Nikaendelea, kwa sababu ningenyamaza hapo nisingeanza tena. "Jioni ile, ulipokwenda kwa ng'ombe. Niliitoa mimi, nikabofya ndiyo kwa yote. Uliponiuliza bombani nilikudanganya. Hukusahau kitu. Hukuwahi kuigusa."

"Sikuigusa," alisema.

"Hukuigusa."

"Ulisoma swali?"

"Nilisoma, Fundi."

"Ukasoma, ukabofya." Sauti ilikuwa imeshuka chini, ile ile, na mwili wangu ukaitambua kabla ya masikio. "Miaka minane, binti. Niliwagawia wanangu ng'ombe kabla sijawasahau. Nimekaa hapa nikisubiri nimwite huyu mama kwa jina lisilo lake."

Nilipiga magoti. Akaniashiria niinuke, kwa hasira, si kwa huruma. Kisha alifumba macho. Midomo ikaanza kutembea, halafu sauti ikafuata, na nikasikia anataja mafaili. Yale majina yasiyotamkika, konsonanti tupu na namba, moja, mbili, tatu, kila moja na mwaka wake na viongezeo vilivyokuwa vinalitumia. Nne. Tano. Mimi niliyekula mshahara wa hayo mafaili miaka yote nilikuwa nakumbuka manne tu. Alitaja la sita, akafumbua macho, akanitazama nithibitishe.

"Ndiyo," nilisema. "Ndiyo yenyewe. Yote."

Mama alikuwa ameshika ganda la haragwe hajui alipeleke wapi. Hakuelewa hata neno moja katika yale aliyoyataja mumewe, lakini alikuwa analia.

Fundi alisimama. "Nimekukasirikia sana," aliniambia. "Siwezi kusema hapa mbele ya mama. Nataka nikasirike nikiwa peke yangu."

Akaanza kupanda njia inayopita katikati ya mahindi kwenda kwa majirani wa juu. Mkewe aliinuka, kwa mazoea tu, ungo ukamwaga maharage chini. Fundi akageuka, akamwonyesha kiganja. Mama akasimama pale pale, halafu akakaa.

"Nimemfuata mpaka chooni," alisema bila kunitazama. "Miaka yote hiyo."

Nilipiga magoti tena, safari hii kuokota maharage, naye hakunizuia. Kila tulipoinua macho tulimwona amefika mbali zaidi, anakwenda kwa haraka, na hakugeuka tena.